Muue au Mrudishe

Kuna picha moja ya baba ninayoiona kila nikifumba macho, na sijui kama niliiona kweli au niliiandika. Ni asubuhi, ukungu haujainuka kwenye mashamba ya Rangwe, na baba anateremka njia ya kwenda barabarani akiwa na mfuko wa nailoni wa kijani. Haangalii nyuma. Wakati mwingine anaangalia nyuma na kuinua mkono, na mfuko ni wa buluu. Mimi ni mwandishi wa skripti na mtengenezaji wa filamu, kazi yangu ni kuona mambo ambayo hayapo, na tukio hilo nimeliandika upya mara nyingi hata limechakaa kama noti ya sokoni. Siwezi tena kuapa ni lipi lililotokea.

Linalojulikana ni hili. Baba alienda Migori kuchimba dhahabu, kule Nyatike, nikiwa bado msichana wa shule ya msingi. Mwanzoni alikuwa anarudi, na sukari, na kitambaa cha mama. Kisha wenzake wa shimoni wakasema amevuka mpaka, Tanzania kumefunguliwa mashimo mapya. Baada ya hapo, kimya. Simu za mkononi zilikuja, kila mtu akapata yake, na yeye hakupiga. Hakuna aliyemwona, wala hakuna aliyeleta habari kwamba amekufa. Mama akabaki hana mume na si mjane. Alikuwa mke wa mtu aliye safarini, na neno hilo, safarini, alilitamka kama watu wanavyotamka cheo.

Mchezo niliuanzisha mimi. Jioni moja tulikuwa tunamenya njugu za kuuza, mama na mimi, mvua ya mbali ikinguruma upande wa ziwa bila kuja.

"Baba leo amenunua koti," nikasema. Sijui lilitoka wapi.

Mama hakuinua macho. "La rangi gani?"

"Kahawia."

"Na joto lote la huko?"

"Chini kwa shimo ni baridi. Akitoka ndiyo analivaa."

"Haya. Na vifungo?"

Ikabidi nifumbe macho niangalie. Vifungo vilikuwa vitatu, kimoja kikiwa tofauti na vingine, kimeshonwa kwa uzi mweupe. Nikamwambia. Mama akacheka kidogo kwa pua, akaendelea kumenya, na mimi nikajua kwamba kesho nitaulizwa tena.

Nikaulizwa. "Nyathina, habari za safarini?" angesema, mwanangu, habari za safarini, jioni baada ya jioni, na mimi ningefumba macho. Baba alilala katika nyumba ya mwanamke asiyejua kupika, na mama alilifurahia hilo sana. Baba aliugua homa, lakini sikumwacha augue kwa muda mrefu. Alipata rafiki, alimpoteza, alipanda mashua, alinyeshewa. Mara nyingi nilimleta hadi karibu na Isebania, pale mpakani, akawa anaona malori ya upande wetu, na kila mara kitu kilimzuia: mto umefurika, mfuko umeibwa, rafiki ameomba msaada. Sikuwahi kumvusha. Hata sasa sielewi kwa nini, maana kalamu ilikuwa yangu.

Watu wakiniuliza nilisomea wapi uandishi, hutaja kozi niliyosoma Nairobi, kwa heshima tu. Nilisomea pale kwenye njugu. Hakuna mhariri aliyewahi kunibana kama mama. Ukimwambia baba amekaa, anauliza amekalia nini.

Shule yangu ya pili ilikuwa ukuta wa mabati. Siku za soko mama aliuza njugu Rodi Kopany, na mimi nilisaidia. Nyuma ya maduka kulikuwa na nyumba ya vidio, giza tupu, mapazia meusi, jenereta ikitetemeka nje. Msichana hakuingia humo. Ukiingia, habari zako zingefika nyumbani kabla yako. Kwa hiyo nilijitafutia kivuli kando ya ukuta, nikaweka karai la njugu magotini, nikasikiliza. Ndani kulikuwa na mtu mwenye maikrofoni aliyefafanua sinema kwa Kijaluo na Kiswahili, akiongeza utani wake, akiwagombeza waigizaji kana kwamba wanamsikia. Nilisikia farasi, risasi, wanawake wakilia kwa lugha ya kigeni, na picha zote nikaziweka mwenyewe. Majangwa yangu yalikuwa na miti ya Rangwe. Majambazi wangu walivaa kanzu za kwaya. Miaka mingi baadaye nilizitazama baadhi ya sinema hizo kwa macho yangu na nikaudhika. Zangu zilikuwa nzuri zaidi.

Nilipomaliza sekondari nilipata kazi mjini Homa Bay, kwenye studio ya picha iliyokuwa na dirisha dogo linaloangalia ziwa. Adhuhuri maji yaling'aa hadi ukuta wa studio ukawa unacheza, mwanga ukipanda na kushuka juu ya picha za maharusi, na mimi nilikaa chini yake nusu nimelala, nikisubiri mteja. Lakini mkate wetu haukuwa maharusi. Ulikuwa matanga. Kwetu mtu hazikwi bila kamera. Ndugu aliye Nairobi au ng'ambo anataka kuona mwili ukifika kutoka mochari, nani alikuja, nani alisimama kuhutubia, na nani alilia. Kwa hiyo kila wikendi nilikuwa kwenye makaburi ya watu, Oyugis, Kendu, Mbita, hadi Migori, kamera begani.

Kazi ya matanga ina adabu zake. Unasimama pale ambapo huzuii mchungaji. Unajifunza kuona kilio kikija kabla mwenyewe hajajua, mabega yanaanza, kisha mkono unaenda kichwani. Na unajifunza kuvumilia watu. Shangazi fulani alichelewa, akafika akilia kuanzia langoni, akatupa kitambaa, akazunguka jeneza, akanyamaza. Kisha akanijia. "Mpiga vidio, umenipata?" Sikuwa nimempata, nilikuwa nabadilisha betri. Akarudi langoni akalia upya, na kwa kweli kilio cha pili kilikuwa na machozi zaidi. Nilicheka kimoyomoyo siku hiyo. Baadaye nilielewa kwamba hakuwa anaigiza. Alitaka tu ijulikane kwamba alikuja.

Nairobi nilienda na kanda zangu na daftari tupu, na baada ya kuhangaika kwa kila namna ambayo watu huhangaika Nairobi, nikaingia kwenye meza ya waandishi wa tamthilia za televisheni. Tulikuwa wachache, chai nyingi, ubao mweupe, na kila mtu akileta wahusika wake. Nilikuwa mzuri. Nasema hivyo bila kujivuna na bila kujinyenyekeza pia. Nilijua mtu amekalia nini na kifungo chake kimeshonwa kwa uzi gani.

Siku moja mtayarishaji wetu, mwanamke mkali mwenye miwani aliyoivaa kichwani na si machoni, alizisoma skripti zangu zote kwa mpigo. Akazisukuma mezani.

"Kwa nini wanaume wako wote wako safarini?"

Nikasema sijui anamaanisha nini.

"Mume wa muuza samaki, yuko safarini. Baba ya huyu nesi, yuko safarini. Hata huyu askari unasema amehamishwa na harudi. Mtazamaji amechoka kungoja. Muue au mrudishe."

Nilitoka nje nikatembea hadi miguu ikauma. Nilikasirika kwa sababu alikuwa amesema kweli mbele za watu. Nilijaribu usiku huo na siku zilizofuata. Nikimrudisha, alifika mlangoni na sikujua uso wake ukoje. Nikimuua, vidole vyangu viliacha kuandika, navyo si vidole vya kuacha kirahisi. Na mama bado alikuwa anapiga simu Jumapili baada ya kanisa, akiuliza habari za safarini, na mimi mtu mzima, mwenye watoto wangu, nilisimama kwenye veranda nikimwambia leo ameketi kwenye gogo, anakula muhogo.

Karibu na wakati huo nilitaka kumjengea mama nyumba. Mabati yake yalikuwa yametoboka hata adhuhuri mwanga ulidondoka sakafuni kwa vidoadoa, nasi tulikuwa tukihamisha sufuria kufuata matone mvua ikija. Nikawaita baba wadogo wawili, ndugu za baba waliobaki. Walinisikiliza kwa upole wote, wakanywa chai yote, kisha yule mkubwa akatingisha kichwa. Kwetu nyumba ya mwanamke aliyeolewa huanzishwa na mumewe. Yeye ndiye husimamisha nguzo ya kwanza. Akifa, kuna njia nyingine, inajulikana, lakini hiyo ni ya mjane.

"Sasa mume akiwa safarini," akauliza, "tukisimamisha nguzo tutakuwa tumesema nini?"

Akaeleza njia iliyobaki. Mtu aliyezama ziwani asipatikane, au aliyepotelea nchi za mbali, huzikwa kwa yago, lile tunda refu la mti wa mwegea, zito kama mtoto wa kubebwa mgongoni. Huvishwa sanda, huliliwa, huwekwa ardhini upande wa kulia wa nyumba yake, na tangu siku hiyo amekufa kama watu wengine walivyokufa. Lakini mkewe lazima akubali.

Tukamgeukia mama. "Nani aliwaambia nataka nyumba?" akasema. "Mimi si mjane." Akatoka kwenda kufukuza kuku ambao hawakuwa wamefanya lolote.

Niliwakasirikia wote, mila, baba wadogo, mama, kuku. Ndipo nikaamua kwamba kama haiwezekani nyumbani, itawezekana kwenye filamu. Ningeandika filamu yangu mwenyewe, ya kwanza, juu ya mwanamke wa Migori ambaye mumewe mchimba dhahabu alipotea, na mwishoni anamzika kwa yago. Ile amri ya yule mtayarishaji ningeitimiza kwa mkono wangu. Nikimzika huyo mume wa hadithi, nilifikiri, huenda kitu ndani yangu kikatulia, na mama akiona pengine naye atatulia. Skripti ilinichukua muda mrefu kuliko mimba zangu zote. Nilipoimaliza nilimsimulia mama kwa simu.

"Mwisho wanazika?" akauliza.

"Wanazika."

"Na huyo mama analia?"

"Analia, mama."

"Haya," akasema, na hakuuliza zaidi, jambo ambalo lilipaswa kunishtua.

Tulipiga filamu Nyatike. Ninaikumbuka kama ndoto ya mtu mwenye homa, vumbi jekundu juu ya kila kitu, wanawake wakiosha mchanga wa dhahabu kwenye mabeseni, wanaume wakipotea ardhini asubuhi na kuibuka jioni wakiwa na rangi moja. Niliwatazama wakitoka shimoni mmoja mmoja, na nilijikuta nikiangalia makoti. Mpiga kamera wangu, kijana wa Nairobi mwenye jicho zuri na mdomo usiopumzika, alidhani naangalia mwanga.

Ikabaki tukio la mwisho, mazishi. Tulikuwa na mwigizaji, tulikuwa na yago lililokatwa vizuri, tulikosa mahali. Nilikwenda kwa mzee mmoja mwenye boma zuri, mwegea wenyewe umesimama kando, nikamweleza.

"Kaburi mkichimba, mtaweka nani?"

"Tunda tu, mzee. Kisha tunafukia."

"Tunda ya nani?"

"Ya mtu wa hadithi."

"Huyo mtu wa hadithi, mama yake ni nani? Ameoa wapi?" Akacheka, kisha akaacha kucheka. "Yago haizikwi bure. Ikiingia kwa udongo lazima iwe ya mtu. Kama yako haina mtu, itatafuta mtu kwa hii boma yangu. Wewe ni nyar wapi?"

Msichana wa wapi. Nikamwambia Rangwe.

"Sasa nyar Rangwe, hiyo kitu si uende ufanye kwenu?"

Boma la pili likakataa. La tatu lilikuwa la mchungaji, akaniambia wao wameokoka, hawaamini mambo hayo hata kidogo, na akakataa vilevile. Mpiga kamera akapendekeza tuchimbe kando ya barabara. Nikamwambia anyamaze, nikampigia mama nimlalamikie kama mtoto.

"Njoo chimba kwangu," akasema.

Hapo ndipo nilipokosea, na ni kosa ambalo mtu wa kwetu tu angeweza kulifanya, tena aliyekaa mbali muda mrefu. Nilidhani mama ananisaidia kazi. Tulipofika Rangwe nilikuta wanawake wa kanisa wakiwa na vitambaa vichwani, viti vimepangwa, moto umewashwa chini ya sufuria kubwa, na baba wadogo wawili wamevaa makoti yao ya kwenda mjini. Shimo lilikuwa limekwisha kuchimbwa, upande wa kulia wa nyumba, mahali penyewe. Nilifurahi kama mjinga. Nilidhani mama ameniletea waigizaji wa pembeni. Nilizunguka nikiwapanga, mama huyu asogee, mzee yule asimame kwenye mwanga, na wote wakanitii kimya kimya, wakinitazama kwa upole ambao sikuuelewa.

Mchana ulikuwa mweupe, wenye usingizi, mawingu yamesimama. Nikasema tuanze. Mwigizaji wangu akatoka nyumbani akiwa amelibeba yago ndani ya shuka, kama tulivyofanya mazoezi, akipiga hatua polepole kuelekea kaburini. Mama akainuka kwenye kiti chake. Hakuwa kwenye skripti. Akamfikia, akanyoosha mikono.

"Nipe, mwanangu," akamwambia kwa Kiswahili, ili aelewe. "Huyu ni wangu."

Mwigizaji akanitazama. Akampa. Mama akalipakata lile tunda, akaliweka vizuri begani, akatembea nalo hadi ukingoni, na baba mdogo mkubwa akauliza kwa sauti ya mtu anayeuliza jambo linalopaswa kuulizwa, "Tunazika nani?"

Mama akataja majina ya baba. Yote matatu.

"Huyu mathe ni noma," mpiga kamera akaninong'oneza, jicho kwenye mashine. "Wewe ndiyo ulimwandikia hiyo?"

Kisha mama akalia. Nimepiga vilio vingi na nilidhani nimevijua vyote. Hiki kilianzia chini sana, kikakaa huko kwa muda kana kwamba hakijui njia, kisha kikapanda, na ng'ambo ya bonde nikasikia mwanamke mwingine akikipokea, na mwingine mbali zaidi, na watu ambao hawakujua lolote kuhusu filamu wakaanza kuja mbio kupitia mahindi wakiwa wameweka mikono kichwani. Nilipaswa kusema kata. Ni neno dogo, nimelisema maelfu ya mara. Halikutoka. Nilisimama kando ya mashine yangu nikimwona baba akishuka ardhini, mzito, mfupi, amefungwa shuka la maua, na kwa mara ya kwanza maishani mwangu sikuona koti wala mfuko wala barabara. Niliona udongo.

Baba wadogo walipokwisha kufukia, mpiga kamera alijikohoza. "Tuirudie? Fokasi iliniteleza kidogo pale mwanzo."

Baba mdogo mkubwa akageuka na jembe mkononi. "Kurudia nini?"

Nikamwambia tumemaliza, funga vitu. Kisha nikaenda nyuma ya jiko, nikaegemea ukuta, nimejaa hasira. Alikuwa amemzika baba yangu ndani ya kazi yangu bila kuniuliza. Mimi nilikuwa nimejiandaa kumzika mtu wa hadithi. Mama alinifuata, macho yamevimba, akakaa juu ya kinu kilichoinamishwa.

"Ungeniambia," nikasema.

"Ningekuambia nini? Kila nikikaa nimzike huyu mtu, wewe unakuja na habari zake. Mara amepona, mara amefika mpakani. Ningeanzia wapi kulia?"

"Wewe ndiye ulikuwa unauliza! Kila Jumapili."

"Nilikuwa nauliza kama umemaliza."

Miaka yote hiyo nilidhani ninamweka baba hai kwa ajili ya mama. Alikaa chini ya mabati yale yaliyotoboka, akikataa kuitwa mjane mbele ya watu, kwa sababu kulikuwa na mtoto aliyefumba macho na kumwona baba yake, naye hakutaka kuwa mtu wa kumfumbua. Nililia basi, na yeye akanipapasa nywele hadi tulipoitwa kula.

Nguzo ya kwanza ya nyumba ilisimamishwa kabla ya mvua za masika. Mimi nilikuwa Nairobi kwenye chumba cha kuhariri, giza, nikikwepa lile tukio. Mhariri wangu alilipenda kupita yote. Mimi niliona aibu kuwauzia watu kilio cha mama yangu. Mwishowe nikaamua kuliondoa, nikampigia mama nimwambie, nikitarajia anishukuru.

"Usiitoe," akasema.

"Mama, si kuigiza. Ni wewe."

"Najua ni mimi. Nyathina, siku ile walikuja watu wangapi? Majirani, na kanisa, na hao wako wa Nairobi wenye waya. Baba yako alikuwa mtu mkubwa, alijulikana hadi Migori. Mtu kama huyo hazikwi na watu wachache hivyo. Peleka hiyo sinema, watu waje."

Kwa hiyo niliiacha. Tuliionyesha kwanza Homa Bay, mchana wa Jumamosi, katika ukumbi wenye mapazia yasiyofunga vizuri, mwanga wa ziwa ukipenya pembeni mwa kitambaa cheupe cha kuonyeshea. Walikuja watu wa Rangwe na Oyugis. Kutoka Nyatike walikuja wanaume wazee, wembamba, waliovaa makoti yaliyofungwa vifungo hadi juu kwenye joto lile. Mama alikaa mstari wa mbele katika gauni jeusi. Walicheka pale nilipotaka wacheke, na pale nisipotaka pia. Kisha mwanamke aliye kwenye kitambaa cheupe akanyoosha mikono akasema nipe, mwanangu, na nyuma yangu nikasikia viti vikisogea. Nikageuka. Ukumbi mzima ulikuwa unasimama, wanaume wakivua kofia. Mmoja wa wale wazee wa Nyatike alitaja jina la baba kwa sauti, peke yake, kabla mama hajalitaja kwenye kitambaa.

Taa zilipowaka sikujua mtengenezaji wa filamu hufanya nini. Wengine huhutubia, hujibu maswali. Mimi nilikwenda nikasimama mlangoni kando ya mama, kwa sababu huko ndiko wafiwa husimama. Watu wakatoka polepole, wakatupa mkono mmoja mmoja, mama kwanza, kisha mimi. Hakuna aliyesema filamu ni nzuri. Walisema pole, na mimi nikasema asante, asante kwa kuja.